"Wewe Shuti Tu"

Nairobi kila wakizungumza filamu, swali la nani anafaa kuongoza hujibiwa kwa cheti. Kameramani anaambiwa ashike kamera, anyamaze. Nimechoka na hiyo stori, na nitasema ilianzia wapi.

Kiangazi kimoja nilibeba stendi ya kamera Tulia, kwa kikosi kilichokuja kushuti ukame. Susu mmoja, ambaye kwake kulikuwa na tangi la maji, aliombwa ashuke mtoni achimbe mchanga kwa bakuli. Mara tatu, kwa sababu mara ya kwanza alikuwa anacheka. Kameramani, jamaa wa Mwingi aliyeanza na harusi na mazishi, akamwambia mwongozaji kwamba hicho kicheko ndicho picha yenyewe. Akajibiwa, "Bro, wewe shuti tu." Akashuti.

Mtu mmoja tu pale mtoni alikuwa anaona, na siye aliyelipwa kuongoza.

Sasa mchukue Mohamed Amin. Alizaliwa Nairobi 1943, akakulia Tanganyika, akaanzisha Camerapix Dar es Salaam 1963, kijana wa miaka 20 hivi. Oktoba 1984 alishuti njaa ya Korem, Ethiopia. Picha zile zikapita kwenye vituo zaidi ya 400 vya televisheni, na mwaka uliofuata ikaja Live Aid. Ukiuliza watu leo, watakutajia sauti ya Michael Buerk na makelele ya Bob Geldof. Amin ni "yule wa kamera". Kana kwamba kamera ilijipeleka Korem, ikajichagulia isimame wapi, imtazame nani, kwa muda gani. Kama hiyo si kazi ya mwongozaji, basi sijui mwongozaji hufanya nini. Mwaka 1991 mlipuko wa ghala la silaha Addis Ababa ulimnyang'anya mkono wa kushoto. Akarudi kazini na wa bandia, hadi ndege iliyotekwa ilipomuua karibu na Komoro 1996.

Ndiyo, najua: picha za Korem ndizo pia zilizofundisha vikosi kuja Ukambani kutafuta huzuni. Lakini Amin aliikuta njaa. Hawa wa Tulia waliiagiza.

China, Zhang Yimou alisomea kamera. 1984 alimshutia Chen Kaige *Yellow Earth*, vilima vikavu ambavyo mtu wa Kitui angevitambua haraka. Miaka mitatu baadaye akaongoza *Red Sorghum*, ikachukua Dubu wa Dhahabu kule Berlin 1988. Filamu ya mtama, manze! Mtama huu huu tunaofukuzia ndege.

Mtasema kujua mwanga si kujua hadithi. Kweli, kuna kameramani wa picha safi zisizosema kitu. Lakini aliyeshuti mazishi miaka sita anajua ni nani atalia kabla hajalia, na anajua lini ashushe kamera. Ni darasa gani linafundisha hilo? Mimi niliacha chuo mwaka wa pili, kwa hivyo semeni nina kinyongo. Ninacho.

Jamaa wa Mwingi bado anashuti mazishi wikendi. Kile kicheko cha susu hakukifuta. Juzi tulirudi Tulia bila kikosi kumwomba ruhusa tuanzie hapo. Akauliza nani ndiye bosi wetu safari hii. Nikamwonyesha aliyeshika kamera.