Reli bila depo haisaidie mukulima

Wandugu wa koperative, ku mikutano tunasikia sana neno moja: treni ikipona, na sisi tutapona. Mimi naona neno hilo ni nusu ya kweli.

Ni kweli reli inajenga muji. Kampuni ya CFL ilimaliza njia ya Kindu mpaka Kongolo mwisho wa 1910, kilometa 355, juu mashua hazikuweza kupita ku maporomoko ya Lualaba. Kindu, pahali mashua zilikutana na treni, ilikua, na leo njo makao makuu ya jimbo. Kasongo ilikuwa muji mukubwa tangu wakati wa Tippu Tip, lakini reli ilipita ngambo ingine. Mpaka leo muchele wa Kasongo unavuka muto kwanza mbele ya kuona treni ku Samba. Kabambare iko mbali zaidi. Uingereza pia ilikuwa vile: reli kubwa ya kutoka London kwenda kaskazini ilipita Peterborough, viwanda vikafuata, Stamford, jirani yake, ikabaki muji mudogo.

Lakini reli ilitajirisha nani? Tangu 1917 serikali ya wakoloni ililazimisha wakulima kulima pamba. Treni ilibeba, bei walipanga wengine. Hata mukulima wa karibu na reli alibaki maskini, juu depo na mizani havikuwa vyake.

Leo treni ya SNCC inapita mara moja moja, bila siku ya kutegemea. Mwenye mifuko miwili hawezi kuingoja. Watoto wanadaiwa pesa ya masomo, anauzia mwenye kinga saa ile ya mavuno, bei ya chini. Koperative yenye mifuko mia mbili ndani ya depo kavu inaweza kungoja, na munuzi njo atakuja kuongea nayo.

Kwa hiyo tusianze na treni. Tuanze na depo, mizani yetu wenyewe, na daftari ambayo kila memba anaweza kuangalia. Kisha tuombe serikali na wafadhili barabara na kivuko cha kufika ku gare. Salongo yetu itachunga mifereji. Treni ikirudi, ikute mizigo yetu iko pamoja. Isiporudi, kamioni pia inapenda kubeba mzigo ulio pamoja.