Sheria mpya isimsahau mlemavu anayehitaji msaidizi

SHERIA mpya ya Watu Wenye Ulemavu, iliyotiwa saini Mei 2025, inamtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 au zaidi atenge angalau asilimia tano ya nafasi za kazi kwa walemavu. Ile ya 2003 ilitaja kiwango hicho hicho, ila ililiagiza tu Baraza la Kitaifa lijitahidi kukifikia, na sote twajua juhudi hizo ziliishia wapi. Hii ni hatua. Hata hivyo, kuna kundi ambalo huenda likasalia pale pale lilipokuwa.

Nazungumzia mtu asiyeweza kuondoka kitandani, kuoga wala kuvaa bila mkono wa mwingine. Kwake yeye, kikwazo cha kwanza si mwajiri wala ngazi za jengo. Ni saa kumi na moja alfajiri: nani atamwinua? Mara nyingi ni mama, dada au mke, ambaye naye huacha kibarua chake kwa ajili hiyo. Nyumba moja hupoteza mapato ya watu wawili.

Kupitia mpango wa Inua Jamii, familia maskini inayomtunza mtu mwenye ulemavu mkubwa hupewa Sh2,000 kwa mwezi. Yeyote aliyewahi kumwajiri yaya jijini Nairobi anajua fedha hizo humalizika baada ya siku ngapi. Kwa upande mwingine, mlemavu mwenye cheti cha msamaha halipi kodi kwa Sh150,000 za kwanza za mapato yake ya mwezi. Ni nafuu kubwa, lakini humfaa aliyekwisha kupata mshahara. Anayejaribu kuvuka kutoka hali ile hadi hii hana daraja.

Kwamba daraja laweza kujengwa, kisa cha Mmarekani Ed Roberts chathibitisha. Polio ilimpooza mwaka wa 1953 akiwa na umri wa miaka 14, akabaki na uwezo wa kusogeza vidole vichache tu. Usiku alilala ndani ya mashine ya chuma iliyomsaidia kupumua. Idara ya jimbo la California iliyosimamia ufadhili wa walemavu ilikataa kumlipia chuo, ikidai hataweza kufanya kazi kamwe. Magazeti yalipopiga kelele, idara ikalegeza msimamo, naye akajiunga na Chuo Kikuu cha Berkeley mwaka wa 1962. Miaka kumi baadaye, yeye na wenzake walianzisha kituo kilichowaunganisha walemavu na wasaidizi ambao walemavu wenyewe waliwachagua na kuwaelekeza. Mnamo 1975 gavana alimteua kuwa mkurugenzi wa idara ile ile iliyomkataa.

Hapa kwetu, Timothy Wanyonyi, wakili aliyepooza baada ya kupigwa risasi na majambazi mwaka wa 1998, ameshinda ubunge wa Westlands mara tatu: 2013, 2017 na 2022. Lakini yeye alikuwa na taaluma kabla ya ajali kumfika. Aliyezaliwa na ulemavu kule Turkana au Kwale huanza bila hata shule.

Watakaosema nchi haina fedha wana hoja, na si lazima tuanze na kila mtu. Hazina ya walemavu iliyopo yaweza kulipia msaidizi kwa mwaka wa kwanza wa chuo au kazi, na zile Sh2,000 zisiondolewe pindi mlemavu apatapo mshahara wake wa kwanza.