Si Istilahi Pekee: Lugha ya Hoja katika Vitabu vya Hisabati Diskreti

1.0 Utangulizi

Mjadala kuhusu Kiswahili na sayansi nchini Tanzania umetawaliwa kwa muda mrefu na suala la istilahi. Swali linaloulizwa kila mara ni hili: je, maneno yapo? Makala haya yanadai kwamba, kwa upande wa hisabati wanayofundishwa wanafunzi wa sayansi ya kompyuta, swali hilo si la kwanza wala si gumu kuliko yote. Kinachomkwamisha mwanafunzi mara nyingi si nomino ngeni, bali ni maneno madogo anayodhani kwamba anayafahamu: kila, baadhi, au, ikiwa, si. Waundaji wa istilahi hawashughuliki na maneno haya, ilhali ndiyo yanayobeba hoja.

Hisabati inayozungumziwa hapa ni ile iitwayo hisabati diskreti, yaani hisabati ya vitu vinavyotengana na kuhesabika kimoja kimoja: seti, namba kamili, kauli za mantiki, mahusiano na grafu. Inatofautiana na hisabati ya mambo yanayobadilika bila mapengo, kama vile mwendo na joto. Kwa kuwa kompyuta hufanya kazi kwa 0 na 1, na kwa hatua moja baada ya nyingine, fani hii ndiyo msingi wa elimu yake. Tutachukua mfano wa mwanafunzi atokaye Bariadi, makao makuu ya Mkoa wa Simiyu ulioanzishwa mwaka 2012, kwa sababu hali yake inaonyesha waziwazi tatizo ambalo kwingineko limejificha.

2.0 Safari ya lugha tatu

Mtoto wa Bariadi, Itilima, Maswa, Meatu au Busega kwa kawaida huanza na Kisukuma nyumbani. Katika shule ya msingi ya serikali hufundishwa kwa Kiswahili, kufuatana na uamuzi wa mwaka 1967. Aingiapo kidato cha kwanza hukuta masomo karibu yote yamehamia katika Kiingereza. Tume ya Rais ya Elimu iliyoongozwa na Jackson Makweta ilipendekeza mwaka 1982 kwamba Kiswahili kianze kutumika sekondari mwaka 1985 na vyuo vikuu mwaka 1992. Pendekezo hilo halikutekelezwa. Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014 ilitamka tena kwamba Kiswahili kitumike katika ngazi zote, lakini Kiingereza kingali ndicho lugha ya kufundishia sekondari na vyuoni.

Athari ya mhamo huu katika hisabati haijapewa uzito unaostahili. Mtoto huyu alipokuwa shule ya msingi alijifunza namba tasa, namba shufwa na namba witiri, kipeo na kipeuo, Kigawe Kidogo cha Shirika (KDS) na Kigawo Kikubwa cha Shirika (KKS). Hizi ni istilahi kamili za nadharia ya namba. Afikapo chuo kikuu hufundishwa mbinu ya Euclid, mwanahisabati wa Kigiriki aliyeishi yapata mwaka 300 kabla ya Kristo: kupata KKS ya 84 na 36, gawa 84 kwa 36, baki ni 12, kisha gawa 36 kwa 12, hakuna baki, basi KKS ni 12. Mwanafunzi huipokea mbinu hii kama jambo geni kabisa. Hakuna aliyemwambia kwamba ni ile KKS aliyoitafuta akiwa darasa la tano au la sita, sasa ikiwa imepewa njia ya mkato ambayo kompyuta inaweza kuifuata. Maarifa anayo, lakini yamefungiwa katika lugha ambayo chuo hakiiulizi.

3.0 Vitabu vilivyopo

Kitabu kinachotumika sana duniani katika somo hili ni cha Kenneth Rosen, kilichotoka kwa mara ya kwanza mwaka 1988 na ambacho katika matoleo yake ya karibuni kina kurasa zaidi ya 1000. Ni kitabu kizuri. Hata hivyo, kimeandikwa kwa msomaji ambaye Kiingereza ni lugha yake ya kila siku, na mwandishi ana haki ya kudhani kwamba msomaji huyo anatambua tofauti ndogo za maana katika sentensi. Msomaji wetu hulazimika kufanya kazi mbili kwa wakati mmoja: kuifasiri sentensi na kuifuata hoja. Anapokwama, hajui ni ipi kati ya kazi hizo mbili iliyomshinda. Njia iliyobaki ni kukariri. Mtihani hupita, lakini uwezo wa kuthibitisha jambo haujengeki.

Kwa upande wa Kiswahili, kazi iliyofanyika ni ya kusifiwa. TUKI ilitoa Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia mwaka 1990. BAKITA ilichapisha orodha zake za Tafsiri Sanifu. Na mradi wa Kilinux katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ulitoa programu za ofisini za Jambo OpenOffice kwa Kiswahili mwaka 2004. Lakini kazi zote hizi zimelenga jina la kitu. Kamusi humpa mtu matofali, nayo nyumba haijajengwa. Hoja ya kihisabati haijengwi na majina. Hujengwa na sentensi.

4.0 Maneno madogo na mzigo wake

Hebu tuangalie mifano michache.

Kwanza, ukanushi. Sentensi "Wanafunzi wote hawakufika" na "Si wanafunzi wote waliofika" zina maneno yaleyale kwa sehemu kubwa, lakini maana zake ziko mbalimbali. Ya kwanza, kwa wasemaji wengi, ina maana kwamba hakufika hata mmoja. Ya pili yaeleza kwamba angalau mmoja hakufika. Tofauti hii ndiyo kiini cha sura ya kwanza ya kitabu chochote cha mantiki. Kiswahili kinayo tayari, tena kinaionyesha kwa kubadili mahali pa ukanushi.

Pili, mpangilio wa "kila" na "kuna". Linganisha: "Kila mkulima ana mzani anaouamini" na "Kuna mzani ambao kila mkulima anauamini". Sentensi ya kwanza inakubali kila mtu kuwa na mzani wake. Ya pili inadai mzani mmoja kwa wote. Usukumani tofauti hii si ya kubuni. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 wakulima wa pamba wa Jimbo la Ziwa walilalamikia mizani ya wanunuzi, nao wakaweka wapimaji wao wenyewe; harakati hizo, ambazo Paul Bomani alikuwa miongoni mwa viongozi wake, zilizaa shirikisho la vyama vya ushirika la Victoria mwaka 1955. Mwanafunzi anayetoka katika mkoa unaoongoza kwa kilimo cha pamba anaweza kuelewa mara moja kwa nini sentensi ya pili ina nguvu kuliko ya kwanza, na kwa nini ya pili ikiwa kweli ya kwanza nayo ni kweli, ila kinyume chake hakifuati.

Tatu, sharti. Mzazi akisema "Mvua ikinyesha tutapanda pamba", msikilizaji huelewa pia kwamba isiponyesha hawatapanda. Katika mazungumzo ufahamu huo unafaa. Katika hisabati ni kosa. Aidha, kiambishi "-ki-" hubeba maana ya wakati pamoja na ya sharti: "akija" huweza kuwa "endapo atakuja" au "wakati atakapokuja". Viambishi "-nge-" na "-ngali-" navyo hudokeza kwamba jambo lenyewe si kweli. Kwa hiyo tunapendekeza kwamba katika fasili na nadharia zitumike "ikiwa ... basi" peke yake, na "ikiwa na ikiwa tu" pale ambapo sharti linakwenda pande zote mbili. Viambishi hivyo viachiwe maelezo ya kawaida.

Nne, "au". Mwenyeji aulizaye "Chai au kahawa?" hatazamii jibu la vyote viwili. Lakini tangazo lisemalo "aje mwenye cheti au uzoefu" halimfukuzi mwenye vyote. Kitabu kiamue: "au" ijumuishe uwezekano wa vyote, na "ama ... ama" itumike pale ambapo kimoja hukiondoa kingine.

Huenda msomaji akaona kwamba haya ni mambo ya wanaisimu tu. Sivyo. Tuseme chama cha msingi kinataka programu itakayokataa kutoa pembejeo kwa asiyetimiza masharti, na masharti ni kwamba mkulima awe amesajiliwa na awe amelipa deni. Nani akataliwe? Ni yule ambaye hajasajiliwa au hajalipa. Mwandishi wa programu akikanusha sehemu zote mbili lakini akaiacha "na" mahali pake, programu itamkataa tu yule ambaye hajasajiliwa na pia hajalipa; mwenye deni aliyesajiliwa atapita. Kosa la neno moja limekuwa kosa la ghala zima. Kanuni inayozuia kosa hilo, iliyopewa jina la Augustus De Morgan wa karne ya 19, inaelezeka kwa Kiswahili katika mstari mmoja: ukanushi unapoingia ndani, "na" hugeuka "au", na "au" hugeuka "na".

5.0 Mifano kutoka katika mazingira

Kitabu tunachokitetea hakina budi kuwa na mifano inayojulikana. Nadharia ya grafu huanza kwa kawaida na madaraja ya Königsberg yaliyochunguzwa na Leonhard Euler mwaka 1736. Historia hiyo ibaki, lakini mwanafunzi wa Bariadi ana grafu yake. Barabara ya kutoka Lamadi hupita Bariadi na Maswa hadi Mwigumbi. Lamadi iko katika barabara ya Mwanza na Musoma, na Mwigumbi katika barabara ya Mwanza na Shinyanga. Tukiziacha barabara nyingine, tunapata mzunguko wenye nodi tano: Mwanza, Lamadi, Bariadi, Maswa, Mwigumbi. Barabara moja ikikatika, mji wowote bado unafikika kwa kuzunguka. Zikikatika mbili, zozote zile, mtandao hugawanyika vipande viwili. Hiyo ni nadharia kamili, na uthibitisho wake hauhitaji zaidi ya aya moja.

Bao nalo, ambalo Wasukuma hulicheza kwa namna yao na kuliita isolo, humpa kila mchezaji mashimo 16 katika safu mbili. Apandaye kete 19 kuzunguka safu zake huishia katika shimo lilelile ambalo angeishia kwa kete 3, kwa kuwa 19 ukitoa 16 ni 3. Hesabu hii ya kuzunguka ni sura nzima katika vitabu vya kompyuta. Mahusiano pia yapo: "kuwa wa ukoo mmoja" kwa upande wa baba huwagawa watu katika makundi yasiyoingiliana, ilhali "kuwa mtani wa" hurudi pande zote mbili, lakini mtani wa mtani wangu si lazima awe mtani wangu.

6.0 Pingamizi

Pingamizi la kwanza ni kwamba ajira na machapisho ya kompyuta yako katika Kiingereza. Ni kweli, na hatupendekezi kukiondoa Kiingereza chuoni. Tunapendekeza kitabu andamizi, kitakachosomwa sambamba na kile cha Kiingereza. Mtu aliyeelewa hoja kwa lugha moja huihamishia katika nyingine kwa urahisi. Asiyeielewa hana cha kuhamisha.

La pili ni kwamba Kiswahili si lugha ya kwanza ya mtoto wa Simiyu. Hili ni la haki zaidi. Lakini Kisukuma na Kiswahili ni lugha za Kibantu zenye upatanisho wa ngeli, na upatanisho huo ni msaada mkubwa kwa hoja ndefu. Katika "Kila ukingo una nodi mbili, nao huziunganisha", msomaji hawezi kubabaika nani anaunganisha na nini kinaunganishwa. Tena hakuna kinachomzuia mwalimu kulinganisha Kisukuma darasani.

La tatu ni gharama. Baadhi ya vitabu vizuri vya somo hili, kikiwemo cha Oscar Levin na kile cha Lehman, Leighton na Meyer wa MIT, vimetolewa kwa leseni huria inayoruhusu kufasiri na kurekebisha. Ruhusa ipo, kinachokosekana ni waandishi. Hata hivyo tafsiri ya neno kwa neno isiwe lengo, kwani itahamisha ugumu uleule.

7.0 Hitimisho

Tumejaribu kuonyesha kwamba kikwazo cha hisabati diskreti kwa wanafunzi wetu kiko katika sentensi kabla ya kuwa katika istilahi, na kwamba Kiswahili kina zana za kubeba hoja hizo, mradi zichaguliwe na kusanifishwa. Kazi hii haiwezi kufanywa na mwanahisabati peke yake, kwa kuwa hajazoea kuichunguza lugha anayoitumia; wala na mwanaisimu peke yake, kwa kuwa hawezi kuthibitisha nadharia. Idara za Kiswahili na idara za kompyuta zikae pamoja, zianze na sura moja tu, ile ya mantiki, na kuijaribu kwa wanafunzi kabla ya kuchapisha. Simiyu, mkoa uliojulikana kwa makambi yake ya kitaaluma yanayokusanya wanafunzi kabla ya mitihani, ungefaa kuwa uwanja wa jaribio hilo. Tukiendelea kusubiri hadi orodha ya istilahi ikamilike, vizazi vingine vitahitimu vikijua kuandika programu bila kujua kama zilichoandika ni kweli.