Dirisha na Mwandishi wa Habari za Polisi

Afunguaye dirisha asubuhi ili chumba kipate hewa hafikirii kwamba dirisha nalo laweza kuwa habari ya polisi. Kwa Jacob Riis lilikuwa hivyo. Mzaliwa huyu wa Denmark, aliyehamia Marekani mwaka 1870, alianza mwaka 1877 kuliandikia gazeti moja la New York habari za wahalifu. Wenzake waliishia kituoni. Yeye alifuatana na askari usiku hadi ndani ya nyumba za kupanga za mtaa wa Mulberry. Humo alikuta vyumba visivyo na dirisha hata moja, wazazi, watoto na wapangaji wakilala pamoja. Ili apate picha gizani aliwasha unga wa magnesi, na kwa maelezo yake mwenyewe, mara mbili alitia nyumba moto!

Kitabu chake cha mwaka 1890 kilidai kwamba uhalifu ulilelewa na nyumba zile, na wenye nyumba waliokula kodi zake. Watawala walisikia. Mwaka 1896 Theodore Roosevelt, mwenyekiti wa halmashauri ya polisi, alifunga malazi machafu ya maskini vituoni, ambamo Riis aliwahi kulala akiwa fukara. Sheria ya mwaka 1901 ikataka kila chumba cha nyumba mpya kiwe na dirisha linalofunguka nje.

Hata hivyo kitabu hicho kina doa. Waitalia, Wachina na Wayahudi aliwapima kwa asili yao, kana kwamba uchafu umo damuni. Ilhali picha zake mwenyewe zaonyesha ukuta mtupu.