Anayetafutwa naye apewe mlango

Nilipokuwa mtendaji wa kijiji huku Mwamapalala, kazi isiyokuwa na saa maalumu ilikuwa barua za wadhamini. Mtu anapiga hodi alfajiri, mkononi ana kitambulisho cha NIDA na picha ndogo, anataka muhuri: ndugu yake yuko ndani na hakimu anataka mdhamini anayetambulika. Hao niliwaandikia. Walionishinda ni wale waliokuja kabla hawajakamatwa.

Namkumbuka kijana mmoja aliyekorofishana na baba yake mdogo kwa sababu ya mpaka wa shamba la pamba. Gulioni akasikia kwamba ameshafunguliwa jalada la wizi wa ng'ombe. "Mzee, niandikie ya dhamana kabisa," akaniambia, "wakija waikute." Nikamwambia sheria yetu haiko hivyo, kwanza ukamatwe. Usiku ule akalala kwa wakwe, kesho yake akapanda basi la Mwanza. Walipompata, hoja ya kwanza ya kumnyima dhamana ikawa kule kuondoka kwake: huyu ni mtoro.

Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inazungumzia dhamana ya mtu ambaye tayari yuko mikononi mwa polisi au mbele ya mahakama. Zile saa 24 tunazozikariri sote ni za baada ya pingu. Anayeogopa kubambikiwa kesi hana kifungu cha kumfikisha kwa hakimu kwa miguu yake mwenyewe. Anachobakiwa nacho ni kungoja nyumbani au kukimbia, na wengi hukimbia, hata wasio na hatia. Wakishakimbia, kila mtu anaamini wana hatia.

Wenzetu Kenya wanayo dhamana ya kabla ya kukamatwa, na majaji wao wameijenga kutokana na haki zilizomo katika katiba. Kwenye kesi ya W'Njuguna ya mwaka 2004, Mahakama Kuu ilieleza kwamba hutolewa pale chombo cha dola kilichopaswa kulinda haki za raia kinapozivunja vibaya. Hofu tupu haitoshi. Mwombaji anaapa hati ya kiapo na kueleza ametishwa na nani, lini, na nyuma ya malalamiko kuna ugomvi gani. Jaji akiona polisi wanafanya upelelezi wao wa kawaida, maombi yanatupwa. Akikubali, mara nyingi anamwagiza mwombaji aripoti kwa mpelelezi na kujibu maswali. Wahindi waliiandika kabisa katika sheria yao ya mwaka 1973, na mwaka 1980, katika kesi ya Gurbaksh Singh Sibbia, mahakama yao ya juu ikakataa amri za jumla zinazomkinga mtu na kila kosa litakalokuja. Lazima jambo linaloogopwa litajwe.

Rafiki yangu wa sungusungu alinikatiza hapo hapo. "Kwa hiyo mwizi wa ng'ombe atembee na karatasi ya mahakama mfukoni?" Simlaumu. Sungusungu, jeshi letu la jadi la ulinzi, lilizaliwa Usukumani mwanzoni mwa miaka ya 1980 kwa sababu mifugo ilikuwa inakwisha na watu wanauawa. Lakini karatasi hiyo haifuti kosa. Inaandika jina la mtu na mahali anapoishi, inamfungia wadhamini wawili wenye mashamba yao, inampa siku ya kuripoti. Mwizi ninayemfahamu mimi hapendi hata kuonekana kwenye daftari la mahudhurio la mkutano wa kijiji.

Najua pia siombi muujiza. Mwaka 1991, katika shauri la Daudi Pete lililoanzia Musoma, Mahakama ya Rufani ilitengua kifungu kilichokuwa kinawafungia watu dhamana bila utaratibu wa kusikilizwa. Mei 2020 Mahakama Kuu ikaifuta orodha ya makosa yasiyo na dhamana, na Agosti mwaka huo huo Mahakama ya Rufani ikairudisha. Basi mauaji na unyang'anyi wa kutumia silaha niyaache. Nazungumzia wizi wa kusingiziwa, jinai ya kuingia shambani kwa mtu, vitisho vya maneno vilabuni. Kesi ambazo dhamana ipo na mtu angeipata, ila baada ya kulala ndani kuanzia Ijumaa jioni hadi Jumatatu.

Bunge likija kuiandika, lisiipeleke Mahakama Kuu peke yake kama Kenya. Kutoka huku hadi Shinyanga ni nauli, chakula na malazi, kisha wakili juu yake. Mwenye lori la pamba ataiona dhamana hiyo, mwenye jembe ataisikia redioni. Hakimu wa wilaya apewe mamlaka. Fomu iwe ukurasa mmoja wa Kiswahili, maana tangu 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama. Mpelelezi aitwe aseme upande wake ndani ya siku chache, na amri iishe siku mshtakiwa anaposomewa mashtaka. Nakala moja apelekewe kamanda wa sungusungu, kwa sababu huku kwetu anayekuja kukukamata usiku si lazima awe amevaa sare.