Chuma Hakiponyeshi Mufupa



Katika ukurasa huu wa mawazo tunasoma kila mara juu ya nizamu, usafi wa mabweni na mitihani ya Serikali. Leo mimi kapita wenu naomba ruhusa ya kuandika juu ya jambo lingine: mifupa yenye kuvunjika, na vile vyuma ambavyo wanganga wa hospitali wanatia ndani yake. Munajua sababu. Pikipiki zimekuwa nyingi katika barabara zetu, uwanja wetu wa mupira uko na mashimo, na wakati wa maembe kila muti uko na mutu juu yake.

Tangu mwenzetu wa darasa la 4 avunjike mukono na kutiwa plake na visi, nasikia mabishano kila jioni katika bweni. Wamoja wanasema: «Wakikutia chuma, umekwisha. Radi itakufuata, na siku za baridi utalia.» Wengine wanajibu: «Wakikutia chuma, umepona siku ileile. Hata juma lijalo unaweza kucheza mupira.» Mimi naona makundi yote mawili yanapotea, na yanapotea kwa sababu moja. Yote yanafikiri kwamba chuma ndicho kinafanya kazi ya kuponyesha. Hapana. Mufupa unajiponyesha wenyewe. Chuma kinaushika tu wakati unafanya kazi yake.

Tukumbuke somo la biolojia. Mufupa si jiwe. Uko na damu, uko hai. Ukivunjika, damu inakusanyika pale, kisha inakuja nyama laini, kisha mufupa mupya unaotokea kama fundo. Katika radiografi ya baada ya majuma kazaa, fundo hilo linaanza kuonekana. Mukono unaweza kuomba majuma sita na zaidi. Paja la mutu muzima, miezi mitatu na pengine zaidi. Hakuna munganga anayeweza kuharakisha kazi ile kwa amri. Anachoweza ni kurudisha vipande fasi yao, kuvishika visitikisike, na kulinda damu na usafi.

Wale wenye wazazi mafundi wa nyumba watanielewa upesi. Fundi akitaka kumwaga beton, anaweka kwanza mbao za kofraje. Mbao hazigeuki kuwa beton. Zinaishika tu mpaka ikauke. Platre ni kofraje ya inje. Plake na visi ni kofraje ya ndani. Ukipakia muzigo mukubwa wakati beton ingali laini, mbao zitavunjika, na kosa si la mbao. Ni hivi plake inavunjika katika muguu wa mutu mwenye haraka. Chukua waya nguvu, uikunje na kuikunjua mara nyingi: itakatika mbele yako. Plake yenye kubeba mutu kila siku, na mufupa haujaungana, itapata mwisho uleule.

Sasa mutaniuliza: kama mufupa unajiponyesha, juu ya nini kupasua mutu? Swali ni zuri, na wanganga wenyewe waliliuliza miaka mingi. Mwaka 1886 Carl Hansmann wa Hamburg, Ujerumani, aliandika habari za kuunga mifupa kwa plake na visi. Mwaka 1907 munganga Albin Lambotte wa Anvers, Ubelgiji, alichapisha kitabu juu ya kazi hiyo, na ndiye aliyeipa jina la osteosintezi. Mutu huyo alitengeneza vyombo vyake mwenyewe, na alijua pia kutengeneza violoni. Lakini vyuma vya zamani vilishikwa na kutu ndani ya mwili, na vidonda vilioza mara nyingi. Kwa hiyo wanganga wengi walibaki na platre, na kulaza wagonjwa kitandani miezi na miezi.

Tena hapo kukawa shida. Mufupa uliungana, lakini goti halikukunja tena, nyama za muguu zilikauka, mutu akabaki kilema mwenye mufupa muzima. Mwaka 1949 Robert Danis wa Bruxelles alionyesha katika kitabu chake kwamba vipande vikibanwa vizuri na plake, vinaungana hata bila fundo kubwa, na mugonjwa anaweza kukunja viungo vyake mapema. Mwaka 1950 Maurice Müller, munganga kijana wa Uswisi, alikwenda kumutembelea. Mwaka 1958 yeye na wenzake wakaanzisha kundi linaloitwa AO, ambalo lilipanga sheria za kazi hii na kuifundisha katika inchi nyingi.

Basi faida kubwa ya plake ni hii: inaruhusu kiwiko, goti na vidole kutembea wakati mufupa ungali unaungana. Mugonjwa anayekataa kukunja mukono kwa kuogopa maumivu anatupa nusu ya faida aliyolipia. Na yule anayebeba ndoo ya maji juma la pili anatupa nusu ingine.

Si kila mufupa unahitaji chuma. Mifupa ya watoto inaungana upesi, na mara nyingi platre inatosha. Mufupa wa bega la mbele mara nyingi unapona kwa kufunga mukono na kitambaa. Lakini fanya jaribio hili hapo ulipokaa: kunja kiwiko, geuza kiganja juu, kisha chini. Mifupa miwili ya mukono imepishana ndani. Mutu muzima akivunja yote miwili, na ikaungana kwa kupotoka, hatageuza kiganja tena kama zamani. Hapo plake ni za lazima: munganga anatoboa mufupa, anapima urefu, anakaza visi, mara nyingi tatu au zaidi kila upande wa fasi iliyovunjika. Ni vilevile kwa mufupa uliovunjika ndani ya kiungo, kama goti au kifundo cha muguu. Kwa paja la mutu muzima, mara nyingi wanapitisha chuma kirefu katikati ya mufupa. Mwaka 1999 munganga Lewis Zirkle wa Marekani alianzisha shirika la SIGN, ambalo linatengeneza vyuma vya namna hiyo vinavyoweza kutiwa hata kama chumba cha kupasulia hakina masini ya radiografi. Inchi zetu za mapato madogo ndizo zilifikiriwa hapo.

Juu ya radi, nijibu wazi. Ni kweli mashariki ya Kongo ni moja ya pahali duniani ambako radi inapiga sana. Lakini radi haitafuti plake ndogo chini ya nyama. Inapenda vitu virefu na mahali pa wazi. Mwenye chuma na asiye na chuma, wote wawili wakimbie muti mwenye kuwa peke yake na waingie katika nyumba. Juu ya baridi: wengine wanasikia maumivu, ni kweli, na wengine hawasikii kitu. Tena kuna wanaouliza kama Mungu aliyeumba mufupa bila visi atafurahi. Ndugu, aliumba ngozi bila uzi pia, na hakuna anayekataa kushonwa kidonda.

Hatari ya kweli iko fasi ingine: ni uchafu. Mufupa uliovunjika bila ngozi kupasuka umefungiwa salama. Munganga akiufungua, anafungua mulango. Kama vyombo havikuchemshwa vizuri, mikrobi inaingia na kukaa juu ya chuma, na ugonjwa wa mufupa wenye usaha unaweza kudumu miaka. Kwa hiyo mahali ambapo hakuna chumba safi, kuvuta muguu kwa uzito au kutia platre ni bora kuliko plake. Munganga anayesema «hapa siwezi, nakutuma pengine» si mujinga. Anajua kazi yake. Na familia iko na haki ya kuuliza: Juu ya nini platre haitoshi? Vyombo vinasafishwa namna gani? Nitarudi lini kwa radiografi? Chuma kitatolewa ao kitabaki? Maana chuma kinaweza kubaki siku zote kama hakisumbui, na kikitolewa, mashimo ya visi yanabaki yakipunguza nguvu ya mufupa kwa miezi kazaa.

Siwatukani wazee wa vijiji wenye kuunga mifupa. Wengi wako na mikono ya akili, na wanapokea mugonjwa hata usiku. Lakini kuna mambo mawili ambayo hayangojei. La kwanza: kidonda juu ya mufupa uliovunjika. Usitie majani wala udongo. Funika na kitambaa safi, uende hospitali siku ileile, kwa kuoshwa, kupewa dawa za mikrobi na sindano ya tetanosi. La pili: mbao zilizokazwa sana. Vidole vikiwa baridi, vikibadili rangi, vikikosa kusikia, ao maumivu yakizidi badala ya kupungua, legeza zile kamba mara moja na ukimbie kwa munganga. Nyama inakufa kwa saa, haingoji kesho. Mukono mingi iliyokatwa haikukatwa juu ya kuvunjika. Ilikatwa juu ya kamba.

Najua feza ni tatizo. Kuna familia inauza mbuzi, ingine inauza shamba. Lakini angalieni ginsi tunavyohesabu vibaya: tunakusanya feza za kupasuliwa, na hatuweki hata kidogo kwa kurudi kuonyesha mukono. Mugonjwa anatoka, anapotea, anarudi na plake iliyovunjika, na gharama inakuwa mara mbili. Safari ya kurudi ni sehemu ya kazi ya munganga, kama vile visi.

Kwa hiyo naleta maombi matatu mbele ya masomo yetu.

Kwanza, katika uwanja wetu, mutu asivute muguu wala mukono wa mwenzake aliyeanguka. Katika mashindano ya muhula uliopita, mbele muuguzi afike, watu watatu walikuwa wamekwisha kuvuta, kila mumoja kwa upande wake. Hiyo si musaada. Acheni mufupa vile ulivyo, mufunge na ubao, muita muuguzi.

Pili, namuomba Bwana Prefe atupe ruhusa ya kuweka katika ofisi mbao nne zilizokatwa vizuri, vitambaa safi na machela. Darasa la 6 liko tayari kutengeneza mbao katika saa ya kazi ya mikono, na muuguzi atufundishe kufunga bila kukaza.

Tatu, naomba komite ya wazazi ifikiri juu ya mufuko mudogo kwa ajili ya safari ya kwanza ya hospitali na safari ya kurudi. Kila mwanafunzi akitoa kidogo mwanzoni mwa muhula, hatutapitisha tena kofia bweni kwa bweni wakati mwenzetu analia.

Na mwenzetu wa darasa la 4 akirudi, musimuite «Mutu wa Chuma». Pia musimupe ndoo ya maji eti amepona. Mubebeeni ndoo mpaka munganga aseme. Mufupa wake uko kazini, hata wakati analala.

Mwenye mawazo mengine aandike. Ukurasa uko wazi kwa nambari ijayo.

Kapita wa wanafunzi,
darasa la 6 Kemia na Biolojia