Kabla ya Kuchoma Njiti ya Kwanza

Likizo ya Juni imekaribia, na madrasa yetu, kama nyingine kadhaa, inaandaa safari ya vijana kwenda milima ya Usambara. Wazazi wameniuliza juu ya nauli, chakula na mahali pa kuswalia. Juu ya moto hakuna aliyeuliza, ilhali Lushoto msimu huo ni baridi na ukungu ni jambo la kawaida. Kijana aliyelowa na kupotea msituni, adui yake wa usiku wa kwanza si njaa. Mwili uliolowa hupoteza joto hata pasipo barafu: mtu hutetemeka, ulimi humwia mzito, kisha mtetemeko hukoma naye akataka kulala. Hapo ndipo pa kuogopa.

Katika Suratul-Waaqia, Mwenyezi Mungu ameutaja moto kuwa ni manufaa kwa wasafiri wa nyikani. Manufaa hayo yanataka maandalizi, nayo huanzia nyumbani. Kila mkoba uwe na kiberiti kilichofungwa katika mifuko miwili ya plastiki, na njiti ambazo vichwa vyake vimechovywa katika nta ya mshumaa. Pamba iliyopakwa mafuta ya mgando huwaka kwa dakika kadhaa, nacho kipande cha tyubu ya baiskeli hushika moto hata kikiwa kimenyeshewa. Wa pwani wachukue nyuzi kavu za makumbi ya nazi. Bibi zetu hawakuhitaji kuandikiwa haya. Lakini tumelea watoto kwenye majiko ya gesi, na wengi wao hawajapata kuchochea mafiga.

Huko msituni, kwanza mtoto avuliwe nguo zilizolowa, avishwe kavu na kukingwa upepo. Kisha zitafutwe kuni, nuru ya jua ingalipo. Kosa la wengi ni kuchoma njiti mapema. Wana kijinga kimoja na majani mawili, moto unashika, wanakimbilia kuni, na wakirudi umezimika. Kusanya kwanza mara tatu ya unachodhani kitatosha, ukipange kwa unene: vijiti kama njiti ya kiberiti, kisha kama kalamu, kisha kidole gumba, kisha kifundo cha mkono. Kuni zilizolala chini huwa zimenyonya maji. Tafuta tawi lililokufa likiwa bado juu ya mti. Likikatika kwa mlio, ni kavu. Likipindika, liache. Hata mvua iponyesha, gogo likipasuliwa kwa kisu moyo wake mara nyingi huwa mkavu. Misonobari iliyopandwa Shume ina utomvu unaowaka vizuri.

Ardhi ikiwa imelowa, tandika vijiti vinene chini, moto ukae juu yake. Fyeka majani pande zote mpaka udongo uonekane, wala usiwashe chini ya matawi yanayoning'inia. Ieleweke kuwa nazungumzia dharura tu: katika hifadhi za misitu mtu hawashi moto bila kibali. Oktoba 2020 sote tuliona Mlima Kilimanjaro ukiungua kwa siku kadhaa.

Moto usiingizwe hemani, hata makaa yanayoonekana kuwa yamekaribia kuzimika. Hewa yake ya sumu haina harufu, nayo huua waliolala. Hili lawahusu pia wanaoingiza jiko la mkaa chumbani wakati wa baridi. Mtume, rehema na amani zimshukie, alikwisha kutuagiza tuzime moto kabla ya kulala. Usiku wa dharura, mtu mmoja akeshe kwa zamu. Wakati wa kuondoka, mwaga maji, koroga majivu, mwaga tena, kisha usogeze mgongo wa kiganja karibu. Ukihisi joto, bado.

Viongozi wa safari waje na mikoba yao Ijumaa hii baada ya swala ya Alasiri. Tutawasha moto uani kwa kuni tulizozimwagia maji makusudi, na wazazi wanakaribishwa kuja kutazama nani atafaulu.